Kiapo cha Mkaza Mjomba

Jumanne, 2 Juni 1964. Hell-Ville, Madagascar

Imetoka! Karani wa mahakama kanisomea mara mbili, maana mara ya kwanza sikuamini. Mahakama ya rufaa huko mji mkuu, Tananarive, imeamuru kesi zote zilizolala tangu kabla ya uhuru zimalizwe kabla mahakama hazijafungwa mwisho wa Julai. Yetu imetajwa. Hakuna kuahirisha tena, isipokuwa mmoja wa wenye kesi amekufa.

Miaka saba! Hakimu Mfaransa alipanda meli akaenda kwao, aliyekuja baada yake akaugua, faili likapelekwa Mahajanga, likarudi. Kila nikienda naambiwa: mama, rudi mwezi ujao. Nimerudi mpaka mbwa wa pale mahakamani ananijua. Malalamiko yaliyokwenda rufaa ni yangu mimi, Koulsoum, si ya mwingine. Wakili aliniambia nisiwasumbue wakubwa. Nimewasumbua, na wamesikia.

Nilimwambia Ramlati akiwa anafua. Alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akacheka, kisha akalia. Mwanangu ameposwa na Tadjiddine wa posta, huu mwaka wa nne. Kwetu bwana arusi ndiye anayeingia nyumba ya mke. Mke haendi kwa mume. Na ukoo gani wenye akili utampeleka kijana wao, na dhahabu, na ng'ombe, kwenye nyumba ambayo kesho huenda ikawa ya mtu mwingine? Wamesubiri kwa adabu. Lakini adabu nayo ina kikomo chake.

Nimepika wali wa nazi kama siku ya Idi.

Alhamisi, 4 Juni

Nimekutana na Soudjay sokoni, mbele ya meza ya samaki. Yeye ndiye aliyetushtaki. Ni mtoto wa mjomba Mroivili, Mungu amrehemu, kaka yake Mama.

Marehemu baba alikuwa mtu wa Unguja, ndiye aliyenifundisha kuandika Kiswahili. Nyumbani tunasema Kingazija, sokoni Kisakalava, mahakamani Kifaransa. Kwa hiyo humu naweza kusema nitakalo, hakuna wa kunisoma. Nalo ni hili: Soudjay simchukii, na hilo linaniudhi. Tumekula sinia moja tangu tukiwa hatuna nguo. Bado ananitania kama mtoto wa mjomba anavyopaswa. Leo kaniambia:

"Koulsoum, umewakimbiza mahakimu. Angalia wasikukanyage."

Nikamwambia anunue samaki wake aende zake.

Nyumba ilikuwa ya bibi, mama yake Mama. Kwetu nyumba hutoka kwa mama ikaenda kwa binti. Mwanamume hupata nyumba kwa kuoa. Hilo kila Mngazija wa mji huu analijua hata akiamshwa usingizini. Lakini Wafaransa walipokuja kupima viwanja, aliyekwenda ofisini ni mjomba. Mwanamke wetu akasimame mbele ya mzungu, siku zile? Kwa hiyo likaandikwa jina lake. Na Mama angemdai kaka yake karatasi? Ni kumwita mwizi. Mjomba akafa, Soudjay akafungua sanduku: mwenye nyumba, Mroivili. Na ana watoto wengi, wamebanana kwenye vyumba viwili vya kupanga. Namwelewa. Lakini kuelewa si kuhama.

Jumamosi, 6 Juni

Mume wangu Chaher kaja kutoka kiwandani, ananuka sukari mbichi kama kila wiki. Nimemweleza habari za rufaa. Kavua viatu, kaangalia dari, kasema yeye ni mgeni tu humu ndani, mwenye nyumba akihama atachukua kofia yake amfuate. Nikamtupia mto. Mume wa Kingazija hupenda sana utani huo, maana ni kweli.

Baadaye aliuliza, polepole, kama nina hakika nataka waende mbio. Kesi ikilala, alisema, na sisi tunalala. Nimemjibu vibaya. Yeye analala kiwandani siku sita, asiniambie habari za kulala.

Jumatano, 10 Juni

Wakili wetu, metri Youssoufa, kashuka kutoka Mahajanga kwa ajili ya kesi hizi zilizoamshwa. Kakaa barazani, kafungua mkoba, kauliza mashahidi wetu wako wapi.

Kesi ilipofunguliwa walikuwepo: fundi wa mawe, maalim wa msikiti, mashoga wawili wa Mama walioiona nyumba tangu zamani. Tumewazika mmoja mmoja tukisubiri tarehe. Metri alifuta majina yao taratibu. Kisha akasema hati iko upande wa Soudjay, na hakimu mpya ni kijana wa bara, mtu wa kusoma karatasi. Kwa karatasi tumekwisha.

Ila kuna njia moja. Sheria ya Kifaransa inayo na sisi tunayo, hii hii. Upande mmoja unaweza kuuambia mwingine: apa. Bi Kouraichia, mjane wa mjomba, mkaza mjomba wangu, yu hai huko Mahajanga. Yeye ni mrithi, kwa hiyo yumo kwenye kesi, upande wa mwanawe. Tumtake aape, Soudjay akubali kufungwa na kiapo hicho. Akiapa kuwa nyumba ilikuwa ya mumewe, tumeshindwa, na hakuna rufaa tena. Akisema ni ya Mama, au akikataa kuapa, tumeshinda.

Metri alisema nifikirie sana, maana hakuna mama anayeapa dhidi ya mwanawe. Nikacheka. Hamjui Bi Kouraichia. Mwanamke yule aliwahi kumrudishia muuza samaki samaki wake, eti alimpimia kwa wingi. Msahafu anauogopa kuliko moto.

Ijumaa, 12 Juni

Nimekubali. Nilimuuliza Mama kwanza. Yuko kitandani siku hizi, miguu imemvimba, lakini kichwa chake kizima. Alisema: "Kouraichia hasemi uongo." Akageukia ukutani. Nikalichukua kuwa ni ndiyo.

Metri alipeleka habari kwa Soudjay baada ya sala ya Ijumaa. Naye akakubali papo hapo, mbele ya watu, hata hakumuuliza wakili wake. Alisema mama yake akitamka kuwa nyumba ni yetu, yeye mwenyewe atakuja kucheza arusi ya Ramlati.

Papo hapo. Kwa nini papo hapo?

Alhamisi, 18 Juni. Mahajanga

Nimefika jana kwa meli ya pwani. Bahari ilinitoa kila nilichokula. Tulipokaribia, maji yakawa mekundu kwa udongo wa mto, na mzee mmoja pembeni yangu akasema Madagascar inatoka damu.

Kumwita mtu mzima kiaponi bila kwenda kumwomba radhi ana kwa ana ni kukosa adabu. Ndiyo maana nimekuja. Puspus, kigari cha kuvutwa na mtu, imenileta mpaka mtaa wa Mahabibo, mlangoni kwa Bi Kouraichia. Anakaa hapa kwenye nyumba ya mama yake, nyumba ya mabati yenye ua safi kama sahani. Kaniita mwanangu. Kanipikia mataba, kisamvu chetu cha nazi, kanipa chumba chenye upepo. Kauliza juu ya miguu ya Mama, mdomo wa Chaher, mkono wa Ramlati kwenye darizi. Juu ya kesi, hata neno.

Nami sikuthubutu. Kesi haiwekwi juu ya sinia la chakula.

Ijumaa, 19 Juni

Nimesema leo, tukichambua mchele. Nilimwomba radhi kwa kumpandisha mahakamani katika umri wake. Aliendelea kutoa mawe, moja moja.

Alisema radhi ameipokea. Atakuja. Nisimuulize atasema nini, maana Soudjay naye aliandika kuuliza, na yeye hakujibiwa. "Mtu wa kiapo ukimuuliza kabla, umeshamshika mkono," ndivyo alivyosema. Nikasema simuulizi. Nikaendelea na mchele wangu.

Kisha akaniuliza yeye: mama yako amewahi kukusimulia habari za mwaka wa kimbunga?

Nikasema ndiyo, nyumba ya makuti ilichukuliwa na upepo, mjomba akaijenga upya kwa mawe na mabati. Kila mtu anajua.

"Na siku ya kuweka mabati?"

Nikasema sijui. Akasema basi nimuulize Mama. Akainuka na ungo wake akaenda jikoni, na hakurudi kwenye maneno hayo tena.

Siku ya kuweka mabati. Nini siku ya kuweka mabati?

Jumatatu, 22 Juni. Hell-Ville

Nimemuuliza. Heri nisingemuuliza. Naandika yote kabla sijaanza kuyapamba.

Mama alitaka kwanza nimkande miguu. Nikamkanda. Nikamwambia Bi Kouraichia anamsalimu, na anamkumbusha siku ya kuweka mabati. Alifumba macho. Nilidhani kalala.

Akasema mjomba alikuwa ametumia kila kitu. Aliuza mashua yake ya kuvulia, akauza pete ya arusi ya Kouraichia, bibi arusi ambaye hata mwaka hakuwa ametimiza. Yote ili dada yake asilale nje na mtoto mchanga. Mtoto mchanga ni mimi. Bati la mwisho lilipopigwa msumari, mjomba alishuka kwenye ngazi, mikono inatoka damu. Mama akaenda mbele yake, akapiga magoti, akamwambia: kaka, nyumba hii ni yako, mimi nipe kivuli tu.

Nikaacha kukanda.

"Ulisema hivyo?"

"Ulitaka niseme nini?" Mama alifungua macho, akanitazama kama mjinga. Mtu akikufanyia jambo kubwa namna ile, unamwambia ni lake. Ndiyo adabu. Naye anakujibu: la, ni lako, nilikuwa nakutumikia tu. Ndivyo watu wanavyosema. Hata mgeni ukimsifia kikombe unamwambia chukua, naye hakichukui.

Najua, Mama. Najua. Mimi mwenyewe nasema hivyo kila siku. Nikamuuliza mjomba alimjibu nini.

"Alijibu."

"Alijibu nini?"

"Alijibu kama watu wanavyojibu."

"Ulimsikia?"

Alivuta shuka. Kisha akasema nilikuwa nalia, mimi mtoto, nalia kwa joto la mabati, na yeye alikuwa analia pia, na nyundo bado zilikuwa zinagonga upande wa jikoni. Aliona mdomo wa kaka yake ukisema. Miaka yote hii amejua alichosema kwa sababu hakuna kaka anayeweza kusema kingine. Aliyekuwa amesimama karibu naye, ameshika ngazi, ni Kouraichia.

Na ofisi ya viwanja ilikuja baada ya hapo, si kabla. Nimehesabu kwa vidole. Baada ya hapo.

Jumanne, 23 Juni

Sijashika sindano ya darizi tangu jana. Ramlati anaimba.

Ijumaa, 26 Juni

Sikukuu ya uhuru. Bendera, tarumbeta, watoto wa shule wamepakwa mafuta mpaka wanang'aa. Nilisimama uani kwa ofisa mmoja na wake za watu wengine, nikapiga makofi. Hotuba ilisema nchi mpya haitaki mambo ya kulala. Watu walinigeukia wakacheka kwa wema. Mji mzima unajua mimi ndiye niliyeamsha kesi. Boinali, mjomba wake Tadjiddine, alinipa mkono mbele ya wote. Ng'ombe ameshanunuliwa, alisema. Wanangoja neno la hakimu tu.

Nilicheka naye. Mdomo uliniuma kwa kucheka.

Chaher, aliyepewa ruhusa ya sikukuu, nimemwambia usiku wa jana. Hakunitania hata kidogo. Hapo ndipo nilipoogopa.

Jumatano, 1 Julai

Nimekwenda kwa metri Youssoufa, anapanga chumba karibu na bandari. Nimemwambia nataka kukiondoa kiapo. Tutafute njia nyingine.

Kasema haiwezekani. Upande wa pili umeshakubali mbele ya karani. Ukishamwambia mtu apa, naye akasema nitaapa, huwezi kumwambia basi. Maji yakimwagika hayazoleki.

Nikasema basi tuahirishe. Mpaka baada ya mvua. Mama anaumwa.

Alivua miwani. Alinitazama muda mrefu, kisha akaanza kucheka, si kwa ubaya, alicheka kama mtu aliyechoka. Akasema: "Wewe, Bi Koulsoum? Wewe ndiye wa kuomba ahirisho?" Akanisomea tena amri ya rufaa, ile ile niliyoishangilia. Hakuna kuahirisha, isipokuwa mmoja wa wenye kesi amekufa. Kauliza nimejua nini kipya. Sikumwambia. Wakili akijua, nani ajuaye atafanya nini nacho.

Njiani nimeambiwa na muuza mihogo kwamba haraka haraka haina baraka. Hakujua lolote, alikuwa anamwambia mwanawe. Nilitaka kumpiga na kikapu.

Ijumaa, 3 Julai

Mama kauliza kama akifa kesi itaahirishwa. Nikasema astaghfirullah. Akasema anauliza tu, maana kama ni hivyo apangiwe siku mapema, ajitayarishe. Tukacheka wote wawili mpaka Ramlati akaja kutazama kuna nini. Kisha nikatoka nje nikalia nyuma ya mlangilangi, ambapo hakuna mtu.

Jumapili, 5 Julai

Nimefikiri jambo hili kutoka kila upande. Naliandika ili nilione.

Ikiwa mjomba alisema la, ni yako, basi nyumba ni ya Mama, na mimi nimefanya vizuri kuwasumbua wakubwa.

Ikiwa mjomba alinyamaza, au alisema haya, nimeipokea, basi kwa miaka yote tumekaa kwake, na hakututoa, na hakutuambia. Na Soudjay ana haki. Na mimi nimemwita mwizi, mbele ya mji.

Sijawahi kuliwaza hili la pili. Hata siku moja. Kesi ilipokuwa imelala nilikuwa na hakika kila asubuhi. Sasa naangalia mabati nikiwa nimelala chali, nikijiuliza nani alilipa kila bati. Najua. Pete ya Bi Kouraichia.

Kwa nini hakuniambia kule Mahajanga? Angesema neno moja tu. Kwa nini Soudjay alikubali papo hapo? Labda anajua. Labda hajui, anamwamini mama yake, kama mimi ninavyomwamini wangu.

Jumatano, 8 Julai

Tarehe imetolewa. Alhamisi ijayo, tarehe 16. Mara hii karani alikuja mwenyewe mlangoni kutuambia, anahema.

Jumanne, 14 Julai

Meli imefika. Enzi za Wafaransa siku ya leo, sikukuu ya taifa lao, bandari ingekuwa na bendera na mizinga. Leo ni mashine za kushusha magunia tu. Nilikwenda, sikuweza kutokwenda. Soudjay alikuwepo na teksi. Bi Kouraichia alishuka polepole, shiromani yake, ile nguo yetu ya kujitanda, imefungwa vizuri kabisa baada ya safari yote ile. Alinibusu, akambusu mwanawe, akaingia kwenye teksi ya mwanawe.

Bila shaka. Nilitaka aende wapi?

Soudjay alirudi kunishukuru kwa kuja. Jicho lake moja jekundu. Nikamuuliza: "Umemuuliza?"

Akasema amemuuliza mara tatu. Hajibiwi. Akajaribu kunitania kidogo, utani ukamkwama. Tulisimama pale wote wawili kama watoto waliovunja kitu wanangoja mkubwa arudi. Kidogo nimshike mkono.

Jumatano, 15 Julai

Bi Kouraichia kaja kumtazama Mama. Alikuja peke yake, kwa miguu, kapiga hodi, akangoja aitikiwe kama mgeni yeyote. Nilimfungulia. Aliangalia juu, kwenye mabati, mara moja tu, akaingia.

Nilikuwa jikoni na mlango wazi. Hawakusema kesi. Walisema wafu: nani alikufa lini, nani alikuwa mzuri, nani alijifanya. Mama alicheka kwa sauti ambayo sijaisikia tangu Ramadhani. Bi Kouraichia alimfunga miguu kwa majani aliyokuja nayo. Niliunguza vitunguu.

Mwisho, Mama aliuliza. Niliacha mwiko.

"Kouraichia. Kaka alinijibu nini siku ile?"

Nilisikia kitanda kikilia. Kisha akasema, kwa upole, kama mtu anayemfunika mtoto:

"Kesho, Oumi. Leo nimekuja kukuona wewe."

Mama akasema haya. Haya tu! Wakaendelea na wafu wao.

Alipotoka alimshika Ramlati kidevu, akamwambia ni mzuri. Ramlati akaniuliza kama hiyo ni dalili nzuri. Nikasema ni dalili kwamba wewe ni mzuri, kalete maji.

Alhamisi, 16 Julai. Mahakamani

Niko kwenye benchi. Hakimu ametoa mapumziko mafupi. Naandika ili mikono ipate kazi. Imefika hivi.

Chumba kimejaa. Boinali amekuja na wazee wa ukoo wake, kanzu nyeupe mstari mzima. Mama hakuweza kuja, Ramlati amekuja. Chaher kaomba ruhusa kazini, anakaa nyuma yangu, namsikia akipumua.

Hakimu ni kijana kweli, suti imemzidi kidogo. Kaisoma amri ya rufaa kwanza, kwa sauti, kama anayejikinga nayo. Kisha kamwita Bi Kouraichia. Mkalimani akamweleza kwa Kingazija: swali ni moja, nyumba ile, tangu siku ya kuezekwa, ilikuwa ya nani. Jibu lake litamaliza kesi. Akamwonyesha namna ya kuinua mkono wa kulia na kusema naapa, kama wanavyofanya hapa.

Bi Kouraichia aliutazama mkono wa mkalimani. Akasema hajui kiapo hicho. Hicho ni cha kusema hewani. Yeye anataka msahafu, na kabla ya msahafu anataka maji.

Hakimu akamsogezea gilasi yake mwenyewe, maskini, alidhani ana kiu. Hakuna aliyecheka. Kanzu zote zile zikajiinamia, maana sisi tuliokuwa mle tulielewa. Mtu anayekuja kukisia huinua mkono akaenda zake. Mtu anayeomba udhu anajua hasa anachokwenda kusema, na anataka kukisema mbele ya Mungu, hata kikimuumiza nani.

Kikimuumiza nani?

Mkalimani akamweleza hakimu. Hakimu akaruhusu. Mtu amekwenda msikitini kuchukua msahafu. Metri Youssoufa kainama sikioni kwangu, kasema ni vizuri sana, angetaka kusema uongo asingeomba maji. Nikamwambia najua hatasema uongo. Akanitazama. Nadhani sasa ameelewa.

Bi Kouraichia ameketi uani, kwenye ngazi, chini ya dirisha langu. Soudjay amechukua birika mwenyewe. Hakumwachia mtu. Amechuchumaa mbele ya mama yake na anammiminia. Mdomo. Pua. Uso, mara tatu. Soudjay anamwaga maji pembeni kila anapoinamisha birika, na mama yake anangoja kila mara mpaka alitulize. Amemtazama mwanawe usoni muda wote huu kama anayemkariri.

Sijui mtazamo ule ni wa nini. Wa kumpa au wa kumnyima. Nimekuwa mwanamke mzima, mama wa mtu, na sijui.

Miaka saba nimewasukuma. Nimegonga kila mlango, nimewaandikia mpaka wakubwa wa mji mkuu: harakisheni, harakisheni. Na sasa namwomba Mungu birika lile lisiishe. Namwomba mama huyu awe ameshindwa kukunjua mkono wake, awe amesahau kiungo, aanze upya.

Mikono mpaka viwikoni. Anapaka maji kichwani, masikioni. Msahafu umefika, umefungwa kitambaa cha kijani, karani anaushika kwa mbali, hajui aushikeje. Ramlati ameniwekea mkono begani. Ananiuliza kwa nini siachi kuandika, si tunajua ni yetu?

Soudjay amemshika mama yake kisigino. Mguu wa kulia, umebaki mmoja. Anamimina taratibu sana, tone tone. Naye hataki udhu uishe.

Mguu wa kushoto